Fyuzi za gari: zilipo, kuzikagua na kuzibadilisha

Mvua inaponyesha Buyangu, kaskazini mwa Msitu wa Kakamega, na wipa zikakoma ghafla, jambo la kwanza kukaguliwa ni fyuzi. Aghalabu visanduku vyake ni viwili: kimoja chini ya dashibodi, kingine ndani ya boneti karibu na betri. Mchoro wa nafasi zake huwa kwenye kifuniko au katika kijitabu cha gari.

Gari huzimwa kwanza, kisha fyuzi huchomolewa. Uzi wake ukiwa umekatika, imeungua. Mpya sharti iwe ya kiwango kile kile: nyekundu ni ampea 10, samawati 15, manjano 20, kijani 30. Kuweka kubwa zaidi au kipande cha waya kwaweza kuunguza nyaya na kuteketeza gari. Fyuzi mpya ikiungua papo hapo, hitilafu i kwingine. Fundi wa umeme wa magari aitwe.