Usiku Majiko Yanapotoka Nje: Historia ya Bodaboda na Chakula cha Njiani, Lodwar na Kakuma

Saa moja ya usiku ndipo Lodwar hupumua. Mchana kutwa jua limechoma, joto limefika nyuzi 35 na kupita, na watu wamejibanza chini ya miarobaini wakingoja. Giza linapoingia, majiko yanatolewa nje. Upepo mkavu unapita juu ya makaa na harufu ya nyama ya mbuzi inatangulia hadi steji ya bodaboda, ambako vijana wamekaa juu ya pikipiki zao wakimwita kila mpita njia.

Kando ya barabara mama mmoja ameweka meza ndogo, na taa ya sola ameitundika kwenye tawi. Anachukua donge la unga, analisukuma, analipaka mafuta, analiviringa kama konokono, kisha analisukuma tena. Mviringo huo ndio unaoipa chapati matabaka. Anaitupa kwenye kikaango, anaigeuza kwa ncha za vidole, na kabla haijapoa imeshafungwa kwenye gazeti na kukabidhiwa kijana wa boda, ambaye ataila kwa mkono mmoja akingoja abiria.

Wanaosafiri Bara Asia husimulia raha ya kubebwa kwa pikipiki na mwenyeji usiku, kutoka kibanda hadi kibanda, katika miji kama Hanoi na Bangkok. Turkana, eneo la kaskazini mwa Kenya lenye miji ya Lodwar na Kakuma, nayo ina safari za namna hiyo, ingawa hakuna kampuni iliyozitangaza wala tiketi inayouzwa. Mwongozaji ni dereva wa bodaboda. Anajua nani amechinja leo, samaki wa Ziwa Turkana wamefika kwa nani, na chai ya tangawizi inachemka wapi hadi usiku wa manane. Ukimwambia una njaa na huna haraka, safari imeanza.

Raha hiyo ina historia nzito. Lodwar na Kakuma ni miji iliyokua ikiwa mahali pa kuwazuia watu wasitembee.

Wilaya iliyofungwa

Serikali ya kikoloni iliitawala Turkana kama eneo lililofungwa. Chini ya sheria ya mwaka 1902 ya wilaya za pembezoni, na nyingine ya 1934, mtu wa nje hakuingia kaskazini bila kibali, na wafugaji wenyewe waliwekewa mipaka ya malisho na mienendo. Inasimuliwa kwamba Lodwar ilianza kukua kibiashara mwaka 1933, mfanyabiashara Shah Mohamed alipoweka makazi kando ya Mto Turkwel. Baada ya duka zikaja ofisi ya utawala, zahanati na jela.

Pamoja na duka vilikuja sukari, majani ya chai na unga wa ngano. Chapati, chai ya maziwa na sambusa, ambazo leo Mturkana haoni ugeni wowote ndani yake, zilivuka Bahari ya Hindi, zikazoea Pwani, kisha zikapanda bara na wafanyabiashara wa Kihindi, Kisomali na Kiswahili. Huko Asia walikokwenda watalii kula barabarani ndiko vilikotoka baadhi ya vyakula vya barabara ya Lodwar.

Mfungwa mashuhuri kuliko wote katika eneo hili naye aliishika sufuria. Jomo Kenyatta na wenzake, Bildad Kaggia, Kung'u Karumba, Fred Kubai na Paul Ngei, walifungwa Lokitaung, kaskazini mwa Lodwar, baada ya kesi ya Kapenguria ya mwaka 1953. Wenzake walipopewa kazi ngumu, Kenyatta, kwa sababu ya umri wake, alipewa kazi ya kuwapikia. Mwaka 1959 alimaliza kifungo akahamishiwa Lodwar, akawekewa amri ya kutotoka, hadi alipopelekwa Maralal mwaka 1961. Nyumba aliyokaa Lodwar ingalipo. Baba wa Taifa aliujua mji huu kama mahali ambapo mtu hawezi kwenda atakako.

Mji ulifunguliwa na barabara. Katika miaka ya 1980 Norway iligharamia kazi kubwa ya kuweka lami kutoka Kitale hadi Lodwar, na nchi hiyohiyo ilijenga kiwanda cha samaki Kalokol, kando ya Ziwa Turkana. Kiwanda hakikudumu, kwa kuwa kugandisha samaki katika joto lile kuligharimu kuliko mapato yake. Lakini samaki walibaki, wakapata njia yao wenyewe: waliokaushwa wakaenda mbali, na wabichi wakasafirishwa kilomita 60 hivi hadi Lodwar kuingia kwenye makarai ya akina mama. Kilichoshinda mashine kubwa kimewezekana kwa karai la mafuta moto na mteja mwenye njaa.

Kambi iliyojifunza kupika

Kutoka Lodwar kwenda Kakuma ni kilomita 120 hivi kuelekea Lokichoggio. Kakuma ilikuwa kituo kidogo kando ya laga (mto wa msimu) ya Tarach hadi mwaka 1992. Mwaka mmoja kabla, utawala wa Mengistu Haile Mariam ulianguka Ethiopia, na maelfu ya watoto na vijana wa Sudan Kusini waliokuwa kwenye kambi za huko wakafukuzwa na vita. Walitembea kurudi Sudan, kisha wakaingia Kenya, na kambi ikafunguliwa Kakuma kuwapokea. Wahabeshi na Wasomali wakafuata. Kambi za Pwani kama Utange, karibu na Mombasa, zilipofungwa katika miaka ya 1990, baadhi ya Wasomali waliokuwa huko waliletwa hapa. Wakaja Wakongomani na Warundi, na vita vya Sudan Kusini vya Desemba 2013 vikaleta wengine wengi. Leo Kakuma na makazi ya Kalobeyei yana karibu watu 300,000.

Chakula cha kwanza cha kambi kilikuwa cha mgao: nafaka, maharagwe, mafuta, chumvi. Nafaka ilitolewa nzima, na kusaga ni pesa. Kwa hiyo familia iliuza sehemu ya mgao ili isage sehemu nyingine, na hapo biashara ikazaliwa. Akina mama wa Kiturkana walileta kuni na mkaa, wakaondoka na unga. Wafugaji walileta mbuzi. Aliyekuwa na mafuta ya ziada akaanza kukaanga maandazi. Hadi leo, injera ya Mhabeshi na sambusa ya Msomali zinaiva kwa mkaa uliobebwa kichwani na mwanamke wa Kiturkana. Anayetaka kujua uhusiano wa wenyeji na wageni Kakuma, pamoja na ugomvi wake, na atazame chini ya sufuria.

Mwaka 2015 Shirika la Mpango wa Chakula Duniani lilianza kutoa sehemu ya mgao kwa pesa za simu ziitwazo Bamba Chakula, ambazo mkimbizi angezitumia kwa wenye maduka walioidhinishwa. Jina lenyewe ni la Sheng: jipatie chakula. Kwa mara ya kwanza mtu aliyepangiwa chakula kwa miaka mingi aliweza kuchagua atakachokula. Mwaka 2018 utafiti wa Shirika la Fedha la Kimataifa (IFC), tawi la Benki ya Dunia, ulikadiria soko la Kakuma, kambi na mji, kuwa la shilingi bilioni 6, na biashara zaidi ya 2,000 kambini.

Boda kutoka Busia

Usafiri nao ulikuja kwa njia yake. Bodaboda ilizaliwa Busia katika miaka ya 1960, kwa baiskeli zilizovusha watu na mizigo kati ya mpaka wa Kenya na wa Uganda, na jina lake linatokana na neno la Kiingereza la mpaka. Kakuma nayo ilianza na baiskeli, zikikatiza vumbi kutoka mjini hadi ndani ya kambi. Mageuzi makubwa yalikuja mwaka 2008, serikali ya Kenya ilipoondoa kodi kwa pikipiki ndogo. Boxer za Bajaj na Star za TVS, zote za kampuni za India, zikamiminika hadi vijijini. Ugatuzi ulipoanza mwaka 2013 na Lodwar kuwa makao makuu ya kaunti, ofisi ziliongezeka, mishahara ikaingia, na mji uliokuwa ukilala mapema ukapata watu wa kubebwa usiku.

Pikipiki ilifaa Turkana kuliko gari. Inapita kwenye mchanga wa laga mvua ikikata. Inaingia vichochoroni mwa kambi. Zaidi ya hayo, inafika vitongoji vya Lodwar kama Kanamkemer au Nakwamekwi saa nne usiku kumpeleka nyumbani muuza samaki pamoja na karai lake.

Usiku mmoja, vikombe vitatu

Ingia Kakuma 1, sehemu mojawapo ya kambi, jioni ukiwa nyuma ya boda, na ulimi wako utasafiri kuliko gurudumu. Kwa Wasomali kuna sambusa za nyama na chai yenye hiliki. Mwezi wa Ramadhani, adhana ya magharibi ikilia, meza za futari hujaa barabara nzima. Mbele kidogo Mrundi anageuza mishikaki. Mkongomani anapakua sombe, na Mkenya wa Pwani akipita atasema hicho ni kisamvu. Wote wawili wana haki, na wote wawili wamesema Kiswahili. Hakuna meza ya mkutano iliyowakutanisha watu hawa kama sahani hiyo.

Kwa Wahabeshi utakalishwa. Buna, kahawa yao, haiharakishwi. Mwanamke anaosha kahawa mbichi, anaikaanga kwenye kikaango kidogo, kisha anakileta kikifuka ili kila aliyeketi avute moshi wake. Buni zinapondwa kinuni na kuchemshwa ndani ya jebena, birika la udongo lenye shingo ndefu. Ubani unawaka kando, bisi zinapitishwa, na kahawa inamiminwa kutoka juu hadi kwenye vikombe visivyo na mkono, vidogo kama vile vya kahawa chungu ya Lamu. Desturi ni vikombe vitatu, na cha tatu ni cha baraka. Anayeondoka baada ya cha kwanza ameacha mazungumzo njiani. Dereva wa boda anajua hivyo. Anazima injini na kuketi naye anywe.

Lodwar usiku huo huo ina ladha yake. Wazee wanakaa juu ya ekicholong, kigoda kidogo ambacho mwanamume wa Kiturkana hutembea nacho na hukilalia kama mto, wakingoja mbuzi aive. Nyama haiwekewi viungo vingi. Chumvi na moto vinatosha. Ukisalimu, "Ejoka?", utajibiwa na kusogezewa mahali pa kukaa.

Giza na taa

Yote haya yanafanyika katika mwanga mchache, na hapo nina neno. Bwawa la Turkwel Gorge, juu ya mto uleule unaopita Lodwar, lina uwezo wa megawati 106 na lilianza kuzalisha umeme mwaka 1991. Umeme huo ulivutwa kusini kwenye gridi ya taifa, na Lodwar ikaachwa kwa miaka mingi ikitegemea jenereta za dizeli. Kambini, wakimbizi wenye jenereta ndio waliowavutia majirani nyaya, na baadaye sola ikasaidia. Muuza chapati na taa yake ya mtini amekuwa akijiwashia mji wake mwenyewe.

Usiku unavyobeba watu tulikuja kuujua ulipochukuliwa. Tarehe 27 Machi 2020 amri ya kutotoka nje usiku ilianza Kenya nzima kwa sababu ya korona, na haikuondolewa hadi 20 Oktoba 2021. Miji yenye baridi ilipoteza saa za starehe. Lodwar na Kakuma zilipoteza saa za kazi, kwa kuwa mchana jua halimruhusu mtu kusimama mbele ya karai, wala mteja kutoka. Kambini hali imezidi kuwa ngumu tangu hapo, mgao ukipunguzwa mara kwa mara, na mwaka 2025 vibaya zaidi. Mgao ukipungua, mkopo wa dukani unakauka, na kibanda cha maandazi kinafungwa kabla ya duka kubwa.

Mwezi Machi 2025 serikali ilizindua Mpango wa Shirika, unaokusudia kuigeuza kambi kuwa makazi ambamo wakimbizi na wenyeji wataishi na kufanya kazi pamoja. Majiko ya usiku yamekuwa yakifanya hivyo kwa zaidi ya miaka 30. Watakaoupima mpango huo waanzie hapo: taa kwenye barabara za masoko, mahali palipopangwa kwa wauza chakula bila kufukuzwa, maji safi karibu na vibanda, na leseni ambayo mama wa chapati anaweza kuimudu.

Nawe msomaji, ukipita Lodwar usijifungie hotelini. Patana bei na boda kabla ya kupanda, vaa helmeti, na ukienda kambini tafuta kwanza kibali cha Idara ya Huduma za Wakimbizi. Usimpige mtu picha bila ruhusa. Kula, lipa vizuri, kaa hadi kikombe cha tatu. Kila shilingi utakayoacha pale itageuka unga wa kesho jioni.