Union: jina lililotoka kwenye mvutano wa Unguja na Mombasa

Mnunuzi wa Biblia Kariakoo lazima achague: Union au Habari Njema? Mprotestanti wa makamo hujibu Union bila kufikiri, ingawa jaladani kwa kawaida pameandikwa Biblia tu.

Waingereza nao wana kisa chao cha jina la Biblia. Tafsiri yao ya mwaka 1611 haikubeba jina la mfalme kwenye anwani yake. Ilieleza kwamba imewekwa isomwe makanisani. Uingereza wakazoea kuiita Biblia iliyoidhinishwa, ijapokuwa hakuna hati inayojulikana ya kuiidhinisha rasmi. Wamarekani wakashika la King James, na ndilo lililofika hadi Dar es Salaam.

Yetu ina historia yenye mvutano zaidi. Askofu Edward Steere wa misheni ya UMCA alitafsiri kwa Kiunguja, akafariki mwaka 1882 kabla kazi haijakamilika. Biblia nzima ikatoka mwaka 1891. Mombasa, wamisionari wa CMS hawakuridhika. Wakatoa ya kwao kwa Kimvita, iliyokamilika mwaka 1914. Wote walikuwa Waanglikana! Kanisa moja, pwani moja, Biblia mbili.

Bara, Mlutheri Mjerumani Karl Roehl akaongeza ya tatu mwaka 1937. Yeye alitaka kupunguza maneno yenye asili ya Kiarabu, jambo ambalo mtu wa pwani angeliona kama kumnyang'anya nusu ya kinywa chake. Hata hivyo Walutheri wengi wa Tanganyika waliipokea, wakaizoea.

Kilichovunja mvutano si theolojia, ni shule. Mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 uliamua Kiunguja ndicho kiwe msingi wa Kiswahili sanifu, na kuanzia 1930 Kamati ya Lugha ya Afrika Mashariki ikasimamia vitabu vya madarasani. Mtoto aliyefundishwa sanifu darasani, Jumapili akakutana na Kimvita kanisani, alikuwa na lugha mbili za kusoma. Vyama vya Biblia navyo havikuwa na sababu ya kuchapa matoleo yanayoshindana. Ndipo mkondo wa Unguja na ule wa Mombasa ukaunganishwa: Agano Jipya likatoka mwaka 1950, Biblia nzima mwaka 1952. Wasomaji wa Roehl nao wakahamia taratibu.

Kwa hiyo Union ni jina la mapatano ya wamisionari. Kijana wa leo akisikia Tafsiri ya Muungano, si ajabu akawafikiria Nyerere na Karume, lakini Muungano wao ulikuja miaka 12 baadaye.

Habari Njema, iliyokamilika miaka ya 1990, ilikuja na jina lake tayari. Union ilipata lake kutokana na mapatano.