Kamera, Kompyuta na Sura ya Mfanyakazi: Mfululizo wa Mémoire wa Sammy Baloji katika Historia ya Lubumbashi

Kampuni ya Union Minière du Haut-Katanga iliundwa mwaka 1906. Miaka minne baadaye ulianzishwa mji wa Elisabethville, unaoitwa Lubumbashi tangu 1966. Wafanyakazi waliletwa migodini kutoka Kasai, Rhodesia ya Kaskazini na Ruanda-Urundi, na Kiswahili kikawa lugha yao ya kazi na ya mtaani. Kampuni iliwahesabu kwa daftari na kuwaonyesha kwa kamera. Aliyeshika kamera ndiye aliyeamua mfanyakazi asimame wapi na aonekane nani. Kampuni ilipotaifishwa mwaka 1967, hatimaye ikawa Gécamines, picha hizo zilibaki katika hifadhi zake.

Sammy Baloji, aliyezaliwa Lubumbashi mwaka 1978, alizirejea picha hizo katika mfululizo wa Mémoire, uliokamilika mwaka 2006. Kwa kompyuta, aliwakata wafanyakazi na wakubwa wa kikoloni kutoka picha za zamani zisizo na rangi, akawasimamisha mbele ya picha za rangi alizozipiga mwenyewe katika viwanda vilivyochakaa. Mahali picha zinapoungana hapakufichwa. Watu wa kijivu wanasimama mbele ya kutu nyekundu, na mtazamaji hawezi kujisahaulisha kwamba anachokiona kimetengenezwa. Hapo ndipo penye hoja ya kazi hiyo: picha ya kampuni nayo ilitengenezwa, ila ilijitia kuwa ushahidi mtupu.

Lugha inaiongezea hoja hiyo uzito. Neno la Kifaransa lililo jina la mfululizo huo hufasiriwa kwa Kiswahili kuwa kumbukumbu, na neno hili hubeba maana mbili: yale yanayokaa moyoni mwa mtu, na maandishi yanayowekwa katika jalada la ofisi. Katika historia ya Katanga, maana hizi mbili zilitenganishwa. Jalada liliandikwa kwa Kifaransa na kubaki mikononi mwa kampuni. Masimulizi ya migodini yalirithishwa nyumbani, kwa sehemu kubwa kwa Kiswahili. Si ajabu kwamba jukwaa la wasanii ambalo Baloji alishiriki kulianzisha mjini humo mwaka 2008 lilipewa jina la Kiswahili: Picha.

Suala hili linawahusu pia watunga sera. Nyaraka za kikoloni zinapoingizwa katika kompyuta, maelezo ya zamani huingizwa pamoja nazo, na aliyeitwa kibarua jana hubaki kibarua katika kanzidata ya leo. Hivyo basi, miradi ya aina hiyo katika ukanda huu inapaswa kutenga nafasi ya maelezo ya Kiswahili yatakayotolewa na jamaa za waliopigwa picha, wangali hai wanaoweza kuwatambua. Bila hatua hiyo, teknolojia mpya itahifadhi sura za watu na kuendeleza kufutwa kwa majina yao.