Fruity Loops ya zamani bado inashika nyimbo za Bukavu

BUKAVU – Katika studio ndogo za Kadutu, Bagira na Ibanda, kompyuta chakavu haitupwi ovyo. Mara nyingi ndani yake mna toleo la zamani la FL Studio, programu ya kutengenezea muziki ambayo vijana wengi bado wanaiita Fruity Loops, ingawa wenyewe waliliacha jina hilo tangu 2003.

Ilizaliwa Ubelgiji mwaka 1997, katika kampuni ya Image-Line. Mtunzi wake, Didier Dambrin, alianza na kitu kidogo: ngoma za ndani ya kompyuta, zenye vibonye vilivyopangwa mstari. Unabonyeza pale unapotaka ngoma ilie, mstari unajirudia. Asiyejua kusoma nota aliweza. Jina likagongana na lile la chakula cha asubuhi cha Kellogg ya Marekani, likabadilishwa. Mwaka 2018 kampuni ikaruka kutoka toleo la 12 hadi la 20, kuadhimisha miaka ishirini.

Mnunuzi wa programu hii hupewa matoleo mapya bure maisha yake yote. Lakini kununua kwataka kadi ya benki na intaneti, na si siri kwamba nakala nyingi zilifika kwa flashi, mkono kwa mkono. Nakala hizo hazikui.

Hata hivyo, wanaolirudia toleo la zamani hawafanyi hivyo kwa mapenzi ya vitu vya kale. Faili la mradi si wimbo, ni maelekezo tu: ngoma ilie hapa, gitaa liingie pale. Sauti aliyoimba msanii hukaa katika faili lingine. Toleo jipya hufungua mradi wa zamani, ila haliwezi kurudisha kinanda kilichotoka katika programu ya pembeni ambayo haimo tena kwenye mashine. Wimbo unafunguka ukiwa na mapengo.

M23 ilipoingia Bukavu katikati ya Februari 2025, kukawa na uporaji, na wengi wakakimbilia Burundi. Aliyebeba MP3 kwenye simu aliokoa wimbo wa kusikiliza. Wimbo wa kufanyia kazi ulibaki kwenye kompyuta, kama kompyuta yenyewe ilibaki.

Kwa aliye nayo bado, kazi ni ya siku moja umeme ukiwepo. Mradi ufunguliwe katika toleo lile lile lililoutengeneza, kisha kila chombo na kila sauti ya mwimbaji itolewe peke yake kwa WAV, yote yakianzia mwanzo wa wimbo. Pia mradi uhifadhiwe kama kifurushi cha zip, kinachobeba sauti zake. Kwa ubora wa CD, chombo kimoja cha dakika nne huchukua kama megabaiti 40. Wimbo wa vyombo ishirini, 800. Flashi ya giga 8 hubeba nyimbo kama tisa za namna hiyo, na WAV husomwa na programu yoyote ya studio, iwe Bukavu au Bujumbura.