Mpiga Picha za Arusi, Zamani na Sasa

Leo hatusomi habari za vita wala za mikataba, ingawa malkia mmoja atapita kati yetu. Twasoma habari za mtu ambaye kila mmoja wenu amepata kumwona akifanya kazi: mpiga picha za arusi. Twataka kujua jinsi alivyowatunza maharusi tangu kazi yake ilipoanza.

Sanaa ya kupiga picha ilitangazwa mjini Paris, Ufaransa, mwaka 1839. Tarehe 10 Februari 1840 Malkia Victoria wa Uingereza aliolewa, wala hakupigwa picha siku ile. Zile picha zake na mumewe ambazo watu wengi hudhani ni za arusi zilipigwa na Roger Fenton mwaka 1854, yaani miaka 14 baadaye.

Kamera za kwanza zilikuwa nzito na za polepole. Mtu alikaa mbele ya kamera muda mrefu bila kutikisika. Akitikisika, sura yake ilitoka kama imefunikwa na ukungu. Kwa hiyo mpiga picha alikuwa na chuma maalum, akakisimamisha nyuma ya mtu kimshike kichwa. Hebu fikiri: wewe ni bibi arusi, umepambwa ukapambika, kisha mtu usiyemjua anakukaza kichwa kwa chuma na kukuambia utulie kama jiwe!

Tarehe 25 Januari 1858 binti mkubwa wa Malkia Victoria aliolewa. Kabla ya kwenda kanisani, baba, mama na binti walipigwa picha pamoja. Picha hiyo ipo mpaka leo. Binti anaonekana vizuri, lakini uso wa malkia umefifia, kwa sababu alikuwa akitetemeka, na mwenyewe aliandika hivyo katika daftari lake la kila siku. Aliyekuwa akitawala nchi nyingi hakuweza kuutawala mwili wake siku ya kumwoza mwanawe. Mama ni mama.

Hapo ndipo utakapoona ugumu wa kazi hii. Chuma huweza kushika kichwa, lakini moyo hakiwezi. Mpiga picha mwenye akili alimpa mtu kiti, akampa mahali pa kuweka mkono, akasema naye taratibu mpaka woga ukamtoka. Mkono uliopata pa kutulia hautikisiki ovyo.

Baadaye vyombo vilibadilika. Mwaka 1887 Wajerumani walitengeneza unga wa kuwaka ili kuleta mwanga ndani ya nyumba, lakini ulitoa moshi mwingi na uliweza kuunguza. Mwaka 1929 ikaanza kuuzwa balbu ya kumulika, isiyo na moshi. Sasa mpiga picha aliweza kuiacha studio yake akaingia arusini kwenyewe bila kuwakoholesha wageni.

Na huku kwetu pwani? Mjini Unguja, Ranchhod Oza alifungua Capital Art Studio mwaka 1930. Mjini Mombasa, N. V. Parekh alifungua studio yake mwaka 1942. Waswahili, Wahindi na Waarabu waliingia kwake, na wengi walikuwa maharusi. Huyu Parekh hakuwa mtu wa kukimbilia kamera. Alizungumza kwanza na watu wake, akawauliza wapenda waonekane namna gani. Kwa maoni yangu, maswali hayo yalikuwa na thamani kuliko taa zake zote. Watu wawili waliooana jana huenda bado waoneana haya. Ukiwaamuru wakumbatiane, utapata picha ya watu wawili wenye hofu. Ukiwauliza, watakuonyesha wenyewe wanavyotaka kusimama.

Lakini kuna jambo zito kuliko kusimama, nalo ni stara. Katika arusi nyingi za Waislamu wa pwani, iko siku ambayo bibi arusi huonyeshwa kwa wanawake peke yao. Wanawake huvua mabuibui, hujipamba, hucheza. Mwanamume haingii. Basi kamera ikiingia, je, mwanamume hakuingia? Picha ina miguu. Leo iko kabatini kwa bibi arusi, kesho iko mkononi mwa mtu asiyehusika.

Kwa hiyo familia zikawatafuta wapiga picha wanawake. Hata hivyo shida haikwisha, maana siku za filamu picha zilipelekwa dukani kusafishwa, na huko dukani mara nyingi aliyesafisha alikuwa mwanamume. Tena filamu yenyewe ilibaki na nani? Mwenye filamu aliweza kutoa picha nyingine wakati wowote. Mpiga picha mwaminifu aliikabidhi kwa wenyewe, au aliifungia asimwonyeshe mtu. Wala hakuitundika sura ya bibi arusi dirishani kuvutia wateja bila kuomba ruhusa.

Siku hizi filamu imekuwa adimu, na kila mgeni ana kamera ndani ya simu yake. Ndiyo maana katika arusi nyingine wanawake huambiwa mlangoni wasipige picha, au simu zao huwekwa kando mpaka shughuli iishe. Anayeruhusiwa ni mpiga picha mmoja tu, mwanamke aliyechaguliwa na familia. Watu hawamwulizi kamera yake ni ya bei gani. Huuliza picha za arusi aliyopiga mwaka jana ziko wapi.

Juma hili, mwenye picha ya arusi ya zamani nyumbani na ailete darasani, ikiwa wenyewe wamekubali. Tazameni mikono ya maharusi imewekwa wapi. Kisha igeuzeni picha. Pengine nyuma yake mtaona muhuri wa studio, au jina na mwaka ulioandikwa kwa mkono. Yasomeni maneno hayo kwa sauti, na mwalimu ayaandike ubaoni.