Solenoidi ya VVT: kutambua hitilafu na kuibadilisha, Kitale na Bungoma

Solenoidi ya VVT ni vali ndogo ya umeme inayoelekeza oili ya injini kwenye gia ya kamshafti ili kubadilisha wakati wa kufunguka kwa vali, gari likiwa linakwenda. Vitabu vya Toyota huitaja kuwa ni vali ya kudhibiti oili. Katika magereji ya Kitale na Bungoma wengi huiita sensa ya VVT, na mnunuzi anayetumia jina hilo dukani asishangae kupewa sensa ya kamshafti, ambayo ni kifaa kingine kabisa. Solenoidi ikikwama, gari hukosa nguvu mlimani, hutetemeka likisimama, hula petroli kupita kawaida na kuwasha taa ya injini. Kuibadilisha ni kufungua bolti moja tu. Kazi kubwa ni kujua kama kweli ndiyo iliyoharibika, kwa sababu mara nyingi lawama zinazoiangukia solenoidi ni za oili.

Magari yanayohusika

Kubadilisha majira ya vali si jambo la jana. Alfa Romeo ilianza kuuza gari lenye mtambo huo mwaka 1980, Honda ikafuata na VTEC mwaka 1989, na Toyota ikaleta VVT-i mwaka 1995. Katika kaunti za Trans Nzoia na Bungoma teknolojia hiyo iliingia kwa wingi na magari yaliyokwisha kutumika Japani: Probox, Fielder, Premio, Wish na Vitz, pamoja na Nissan, Mazda na Subaru kadhaa. Sheria ya Kenya hairuhusu kuingizwa kwa gari lililopita miaka 8 tangu liliposajiliwa mara ya kwanza, lakini gari bado linaweza kufika likiwa limetumika miaka kadhaa, na mnunuzi hawezi kujua lilibadilishwa oili mara ngapi huko lilikotoka.

Probox ndiyo mfano bora wa kueleza jambo hili. Ilianza kuundwa mwaka 2002, na nyingi zilizoko huku zina injini ya 1NZ-FE yenye ujazo wa cc 1,497. Hubeba abiria na mizigo kati ya Bungoma na Chwele, Kimilili na Kamukuywa, Kitale na Endebess, mara nyingi ikiwa imejaa kuliko ilivyokusudiwa, ikisimama kila kituo na kuondoka kwa gia ya kwanza. Vumbi la barabara za mashamba ya miwa upande wa Nzoia na la mashamba ya mahindi upande wa Trans Nzoia huingia ndani pale filta ya hewa inapopasuka au kukaa vibaya, na humalizikia kwenye oili. Kazi ya namna hiyo huchosha oili mapema kuliko kilomita zinavyoonyesha kwenye dashibodi.

Jinsi inavyofanya kazi

Gia ya kamshafti ya vali za kuingiza hewa ina vyumba vya oili vilivyotengwa kwa mabawa ya chuma. Oili ikisukumwa upande mmoja wa bawa, kamshafti huzunguka kidogo mbele na vali hufunguka mapema. Ikisukumwa upande wa pili, vali huchelewa. Kompyuta ya injini husoma sensa ya krankshafti na ya kamshafti, huamua vali zifunguke lini kulingana na mwendo na mzigo, kisha hutuma umeme wa kukatakata kwenye koili ya solenoidi. Koili huvuta kijiti chenye mifereji ndani ya mrija, na mifereji hiyo ndiyo huamua oili iende wapi. Injini inapozimwa gia hurudi kwenye nafasi ya kuchelewa kabisa na kufungwa hapo na pini.

Kijiti hicho kimetoshana na mrija wake hivi kwamba nafasi iliyopo kati yao ni nyembamba mno. Punje ya uchafu ambayo isingeudhuru mwili wa pistoni inatosha kukikwamisha. Ndiyo maana karibu na solenoidi, ndani ya silinda hedi, kuna kichujio kidogo cha waya laini kilichofunikwa kwa bolti pana. Wamiliki wengi hawajui kuwa kipo, na kwenye injini iliyokaa na oili moja muda mrefu hutoka kikiwa kimejaa tope jeusi zito kama uji wa wimbi.

Habari ya oili

Toyota hupendekeza oili nyepesi ya 5W-30 kwa injini ya 1NZ-FE, na ujazo wake ukibadilishwa pamoja na filta ni lita 3.7, mkebe wa lita 4 unatosha. Hata hivyo oili ya 20W-50 imezoeleka sana madukani, kwa sababu magari ya zamani yaliihitaji na kwa sababu watu huamini kwamba oili nzito hulinda injini iliyochoka. Kwa injini yenye VVT imani hiyo ina gharama. Alfajiri ya Kitale ina baridi, na oili nzito huchelewa kupita kwenye kichujio na mifereji myembamba. Kompyuta huamuru kamshafti isogee, haioni ikisogea kwa wakati, na huandika kosa. Mwenye gari hununua solenoidi mpya, na wiki ya pili taa inarudi.

Kubadilisha oili kila kilomita 5,000 ni ushauri wa busara kwa gari la abiria katika eneo hili. Ununuzi nao unataka macho: oili ya bandia ni tatizo linalojulikana Kenya nzima, na mkebe uliofunguliwa na kujazwa upya mara nyingi hujionyesha kwenye kizibo na utepe wake. Injini iliyokwisha kujaa tope isisafishwe kwa dawa kali ya kumiminwa mara moja, kwani tope linaweza kubomoka kwa mabonge na kuziba kichujio cha pampu ya oili chini kabisa, na hapo hasara ni injini nzima. Afadhali oili nyepesi na filta mpya zibadilishwe mara mbili au tatu kwa masafa mafupi, tope liondoke polepole.

Dalili na utambuzi

Kitale iko karibu mita 1,900 juu ya usawa wa bahari na Bungoma karibu mita 1,400. Hewa ya Kitale ina kanieneo pungufu ya ile ya Mombasa kwa takriban moja ya tano, na injini isiyo na tabo hupoteza nguvu kwa kiasi hicho hicho. Dereva anayepanda kutoka Webuye kupitia Kamukuywa na Kiminini kwa hiyo anaweza kudhani gari limeharibika kumbe ni mwinuko, au akalaumu mwinuko kumbe vali imekwama. Kipimo cha haki ni kulinganisha gari na lilivyokuwa kwenye mlima uleule na mzigo uleule. Kishindo cha sekunde moja hivi wakati wa kuwasha injini baridi ni habari nyingine: kwa kawaida hiyo ni pini ya gia au cheni ya taimingi, na solenoidi mpya haitaiponya.

Kazi huanza na dipstiki. Oili ikiwa chini ya alama, au nyeusi na nzito, ibadilishwe kabla ya kugusa kitu kingine, kisha makosa yafutwe na gari liendeshwe. Kinachoshangaza ni idadi ya magari yanayoishia hapo bila kununuliwa spea yoyote.

Kama taa imerudi, makosa yasomwe kwa mashine. P0010 huhusu umeme: waya, soketi au koili. P0011 ina maana kwamba kamshafti imekwenda mbele kupita ilivyoamriwa, na P0012 kwamba imechelewa. Hapo mshukiwa anaweza kuwa oili, kichujio, solenoidi au gia yenyewe. P0016 inasema kamshafti na krankshafti hazipatani, na mara nyingi huelekeza kwenye cheni iliyorefuka au kuruka jino. Fundi anayeuza solenoidi kwa sababu tu ameona P0016 anamtwisha mteja gharama isiyo na msingi. Toyota za zamani zaidi zinaweza kuonyesha P1349 badala yake.

Magari kadhaa yaliyotengenezwa kwa soko la Japani hayaongei na vile vifaa vidogo vya bei rahisi vinavyounganishwa na simu. Kwenye Toyota za aina hiyo kuna njia ya waya. Kwenye soketi ya mashine iliyo chini ya dashibodi, tundu la 4 na la 13 huunganishwa kwa kipande cha waya, kisha swichi huwashwa bila kustati injini. Taa ya injini huanza kukonyeza. Ikikonyeza kwa mfululizo sawasawa, hakuna kosa. Ikikonyeza mara tano, ikatulia, ikakonyeza mara tisa, hiyo ni 59, kosa la mtambo wa VVT; 39 ni kosa la umeme wa solenoidi. Tundu la 16 lina umeme wa betri wakati wote, basi waya usilikaribie.

Vipimo viwili vinavyofuata ndivyo vinavyotoa hukumu. Cha kwanza ni cha maltimita: solenoidi ikiwa imechomolewa kwenye soketi, koili nzima ya 1NZ-FE husoma kati ya ohm 6.9 na 7.9 kwenye joto la nyuzi 20, na zaidi kidogo injini ikiwa moto. Mita isiposoma kitu, koili imekatika. Ikisoma vizuri na kosa ni la umeme, fuata waya hadi kwenye kompyuta. Gari linalolala kando ya ghala la mahindi likaguliwe pia meno ya panya.

Cha pili hufanywa injini ikiwa moto na inanguruma bila kukanyagwa. Soketi huchomolewa, na injini inapaswa kuendelea kunguruma kama kawaida. Kisha waya mbili kutoka kwenye betri huguswa kwenye pini za solenoidi kwa sekunde chache. Injini yenye afya hutetemeka vibaya au huzimika, kwa maana vali zimefunguliwa mapema wakati usiofaa. Isipobadilika hata kidogo, basi kijiti kimekwama, kichujio kimeziba, au oili haifiki kwa nguvu inayotakiwa. Soketi ya gari isirudishwe wakati waya za betri zingalipo, wala koili isiachwe na umeme wa moja kwa moja muda mrefu, kwani huungua.

Ubadilishaji

Injini ipoe, kisha waya hasi wa betri ufunguliwe. Kwenye 1NZ-FE solenoidi iko kwenye silinda hedi, upande wa cheni, soketi ya waya mbili ikiwa imechungulia nje. Sehemu hiyo ioshwe kwanza na kukaushwa, la sivyo mchanga wa barabarani utadondoka moja kwa moja kwenye njia ya oili. Bolti hufunguliwa kwa spana ya 10. Solenoidi huzungushwa kidogo kulia na kushoto mpaka iachie, halafu huvutwa. Kuitegua kwa bisibisi huvunja shingo ya plastiki. Iliyotoka iangaliwe kama imekuja na oringi yake. Mpira uliokaa miaka mingi huwa mgumu na kubaki ndani ya tundu, na solenoidi mpya ikisukumwa juu yake itavuja.

Kabla ya kuihukumu ya zamani, inyunyiziwe dawa ya kusafishia kabureta kisha ipewe umeme wa betri kwa kugusagusa. Kijiti kizima huonekana kupitia matundu kikiruka mara moja na kurudi kikikatiwa umeme, kwa mlio mkavu unaosikika. Kikienda kivivu au kikabaki katikati hata baada ya kusafishwa, imekwisha. Kikicheza vizuri, na koili ikiwa inasoma sawa, inaweza kurudishwa na oringi mpya.

Anayenunua ataje injini badala ya jina la gari, maana Premio moja inaweza kuwa na 1NZ-FE na nyingine 1ZZ-FE. Namba ya Toyota kwa 1NZ-FE ni 15330-21011, na kwa 1ZZ-FE ni 15330-22030. Zisizopatikana mjini huagizwa Nairobi, aghalabu Kirinyaga Road, na kufika kwa basi. Ya Japani iliyotumika, ikiwa imepimwa mbele ya mnunuzi, ni bora kuliko mwigo mpya.

Kichujio kitolewe na kuoshwa siku hiyohiyo. Oringi mpya ipakwe oili safi, solenoidi isukumwe kwa mkono mpaka ikae, na bolti ikazwe kwa newton-mita 7.5 tu; uzi wa aluminiamu hung'oka kwa fundi mwenye mkono mzito. Betri na soketi vikirudishwa, makosa hufutwa, injini huwashwa na kuangaliwa kama inavuja, halafu gari hupandishwa mlima likiwa na mzigo.

Injini nyingine

Subaru zenye AVCS, mtambo wao wa VVT, huwa na vichujio vidogo ndani ya bolti za mabomba ya oili, navyo vikaguliwe kwanza. Honda yenye VTEC ina wavu wake kwenye gasketi ya solenoidi. Injini zenye VVT kwenye kamshafti zote mbili zina solenoidi mbili, na P0014 huhusu ile ya vali za kutolea moshi. Injini hizo zinaruhusu hila nzuri pale solenoidi mbili zinapofanana: zibadilishane nafasi, na kosa likihama pamoja na solenoidi, jibu limepatikana bila senti kutumika.

Kosa lisipoondoka baada ya oili, kichujio na solenoidi, inabaki gia na cheni, kazi ya kufungua kifuniko cha mbele cha injini. Wengi hufikia uamuzi wa kununua injini iliyotumika kutoka Japani badala ya kulipia kazi hiyo. Injini hiyo nayo isifungwe kwenye gari kabla solenoidi yake haijatolewa na kupimwa na kichujio chake kuoshwa, kwa kuwa kuvifikia ikiwa chini sakafuni ni kazi ya dakika chache tu.