Nani Aliwafunda Camargo na Sallé?

Kisa hiki hurudiwa katika vitabu vingi, karibu kwa maneno yaleyale. Paris, 1726. Marie Camargo, binti wa miaka 16 aliyezaliwa Brussels, anapanda jukwaa la Opera kucheza dansi na watazamaji wanapagawa. Mwalimu wake, Françoise Prévost, nyota wa jukwaa hilohilo, anashikwa na wivu na kumrudisha kwenye kundi la nyuma. Siku moja mchezaji wa kiume anakosa zamu yake. Camargo anachomoka mstarini, anacheza nafasi ile, ukumbi unalipuka kwa shangwe. Tangu hapo mwalimu hataki tena kumfundisha. Kisa kitamu, lakini nani alikishuhudia?

Nikakifuata kinyumenyume, kitabu hadi kitabu. Kinanoga zaidi katika maandishi ya karne ya 19, wakati wote waliokuwa ukumbini walishazikwa zamani. Njia hiyo ikafungika. Nikageukia gazeti la siku zilezile, Mercure de France la 1726, nalo likanipa picha nyingine: Prévost mwenyewe ndiye aliyemtambulisha Camargo kwa watazamaji. Na binti huyo alicheza Les Caractères de la danse. Dansi hiyo ilikuwa mali ya nani?

Ilikuwa ya Prévost. Muziki wake ulitungwa na Jean-Féry Rebel mwaka 1715: courante, menuet, sarabande, gigue na nyingine kadhaa, moja haijapoa nyingine imeshaingia, na yote huisha kwa dakika chache tu. Juu ya muziki huo Prévost aliweka hatua zake. Kila dansi ikawa mpenzi mmoja anayemweleza mungu wa mapenzi haja ya moyo wake: mzee, msichana mdogo, mtu aliyesalitiwa. Wote hao, wake kwa waume, aliwacheza peke yake. Ukiusikiliza muziki ule unaelewa ugumu wa kazi, maana mwili haupewi nafasi ya kuvuta pumzi kabla ya kuwa mtu mwingine. Hiyo ndiyo dansi iliyompa jina. Mwenye wivu humkabidhi mpinzani wake silaha yake bora siku ya kwanza?

Huenda wivu ulikuja baadaye. Walimu nao ni binadamu. Lakini mwanafunzi wa pili anazidi kukitia shaka kisa hiki. Marie Sallé naye alifundwa na Prévost, naye alicheza Les Caractères kwenye Opera mwaka 1729, safari hii pamoja na mwenzake wa kiume, nyuso zao bila barakoa. Camargo alisifika kwa miruko na wepesi wa miguu, akafupisha sketi ili hatua zake zionekane. Sallé alisifika kwa hisia. London, mwaka 1734, alicheza Pygmalion akiwa ameacha koseti na fremu ya kutanulia sketi, nywele zimeachiwa. Mwalimu mmoja anawezaje kutoa wanafunzi wawili wasiofanana hivyo?

Jibu nililitafuta kwa wanafunzi wenyewe, nikatoka mikono mitupu. Nililipata katika miaka ya kabla yao. Mwaka 1714, kwenye kasri la Sceaux, Prévost na mchezaji mwenzake Claude Balon waliigiza kwa mwili tu, bila kutamka neno, onyesho kutoka Horace, tamthilia ya Corneille, ambamo kaka anamuua dada yake. Inasimuliwa kwamba watazamaji walilia. Basi hisia za Sallé zilikuwa na chimbuko. Kisha mwaka 1725, Pierre Rameau, katika kitabu chake cha kufundishia dansi, aliandika kwamba dansi moja tu ya Prévost ilibeba kanuni zote za sanaa hiyo. Ufundi wa Camargo nao ulikuwa na chimbuko. Naamini kila mmoja alichukua sehemu ya mwalimu iliyomfaa. Kwa nini basi kumbukumbu imebaki na wivu, ikaacha ualimu?

Prévost aliacha jukwaa mwaka 1730, akafariki mwaka 1741. Muziki wa Rebel tunao, hatua hazikutufikia. Wala si kwamba hazingeweza kuandikwa. Tangu mwaka 1700 mfumo wa Feuillet wa kuchora hatua karatasini ulikuwa umeshachapishwa, na dansi nyingi za jukwaani zilihifadhiwa kwa njia hiyo. Je, Prévost alitaka dansi yake ipite kwa mwili wa mwanafunzi peke yake?